Reli Ndogo ya Bububu

Barabara kuu itokayo Morogoro kwenda Iringa hukata katikati ya Hifadhi ya Mikumi kwa mwendo wa kilomita 50 hivi. Hifadhi hiyo ilitengwa mwaka 1964, na eneo lake ni kilomita za mraba 3,230. Msafiri aketiye dirishani huona swala, pundamilia, nyati na twiga, na akiwa na bahati huona hata tembo. Lakini kila akionacho hubaki nyuma mara moja, kwani basi halisimami humo kushusha watu. Wanyama ni wakali, na sheria imewekwa ili mtu asidhuriwe wala mnyama asigongwe.

Mvulana mmoja wa Mikumi, mwanafunzi wa darasa la sita, alikwenda Kilosa wakati wa likizo kumwamkia babu yake. Jioni, walipokuwa wakiota moto, alijisifu kwamba yeye anaijua hifadhi yote, kwa kuwa ameipita zaidi ya mara ishirini.

Babu akamwuliza, "Umeshuka mara ngapi?"

"Hata mara moja, Babu."

"Basi unaijua barabara, mjukuu wangu. Hifadhi bado."

Mzee huyo alikuwa ameitumikia reli tangu ujana wake mpaka alipostaafu. Kazi yake ilikuwa kusimamia watengenezaji wa njia katika tawi litokalo Kilosa kwenda Mikumi na Kidatu. Kila siku alitembea juu ya mataruma, akigonga misumari iliyolegea na kutazama kama maji yamekula tuta. Garimoshi la siku zile lilisimama katika kila kituo kidogo. Watu walishuka wakanunua ndizi na miwa, wakaamkiana na jamaa zao, kisha filimbi ikalia, wakapanda tena. Mzee alipenda kusema kwamba aliwajua watu wa vituo vyote, na ugomvi wao, na harusi zao, kwa sababu garimoshi lilikuwa na subira.

Katika nyumba hiyo alikaa pia mjukuu wake wa pili, msichana wa darasa la saba, aliyependa sana kusoma. Huyo akauliza, "Babu, reli yetu ya Kilosa ndiyo ya kwanza katika nchi hizi?"

Babu akacheka. Akawaeleza kwamba Wadachi walianza kujenga reli ya Dar es Salaam mwaka 1905. Ikafika Morogoro 1907, na Kilosa 1909, na Kigoma mwaka 1914. Kabla yake palikuwa na reli ya Tanga, iliyoanzwa 1893, na ile ya Mombasa iliyoanzwa 1896. Lakini zote hizo ni wadogo wa reli moja iliyokuwa Unguja. Sayyid Barghash, aliyetawala tangu 1870 hata 1888, alijengewa njia ya chuma yenye urefu wa maili saba hivi, kutoka mjini mpaka jumba lake la Chukwani, upande wa kusini. Hayo yalikuwa mwaka 1879 hivi. Kwanza magari yake mawili yalivutwa na nyumbu, kisha akaagiza injini ndogo ya mvuke kutoka Uingereza, kwa fundi Bagnall. Alipokufa Sayyid, reli yake nayo ikafa, kwa kuwa ilikuwa reli ya mtu mmoja. Chuma chake kikang'olewa.

"Lakini," akasema mzee, "ilikuja nyingine, nayo ilikuwa ya kila mtu. Hiyo ndiyo ninayotamani kuiona njia yake kabla macho yangu hayajafumba. Mwaka huu nimeweka akiba kidogo. Tutakwenda watatu."

Reli hiyo ya pili ndiyo Reli ya Bububu. Kampuni ya Kimarekani iitwayo Arnold, Cheney ilipata ruhusa ya kuijenga, na mwaka 1905, mwaka uleule kazi ilipoanza Dar es Salaam, magari yalikuwa yakienda. Urefu wake ulikuwa maili saba, yaani kilomita 11 hivi, kutoka Ngome Kongwe mjini mpaka kijiji cha Bububu, kaskazini. Upana kati ya chuma na chuma ulikuwa futi tatu tu. Mwanafunzi wa Kilosa anaweza kupima tofauti hiyo kwa urahisi: reli ya zamani ya Kilosa ina upana wa meta moja, na reli mpya ya treni za umeme ina milimita 1,435. Ile ya Bububu ilikuwa na milimita 914, pungufu kidogo ya hatua moja ndefu ya mtu mzima.

Waliolipanda zaidi gari hilo walikuwa watu wa mashamba na watu wa mjini wenye shughuli zao. Walakini merikebu kubwa zilipotia nanga Unguja, abiria wake walikuwa na saa chache tu za kukiona kisiwa, nao hawakujua njia. Kwa hiyo liliongezwa gari moja la daraja la kwanza, lenye nauli kubwa zaidi, kwa ajili ya wageni hao. Mgeni alipita kati ya nyumba za mawe, akatokea pwani, akaona minazi na mikarafuu, kisha akarudi merikebuni kabla haijang'oa nanga. Siku hizi, katika miji mingi ya dunia, kama London, na katika kisiwa cha Key West huko Marekani, huuzwa tikiti ya siku nzima kwa kazi hiyohiyo: mtu hushuka apendapo, hutazama mpaka aridhike, kisha hupanda gari lijalo bila kulipa tena. Unguja walikuwa karibu kulifikia jambo hilo zaidi ya miaka mia iliyopita.

Babu na wajukuu wake walipanda treni ya umeme Kilosa, ile iliyoanza kuchukua abiria mwaka 2024. Mvulana alishangaa kwamba haina moshi wala kishindo. Babu hakusema neno. Alikuwa akisikiliza magurudumu, akitafuta mlio wa viungo vya reli alioujua, asiusikie. Kutoka Dar es Salaam wakavuka bahari kwa boti, kwa muda wa saa mbili hivi. Usiku walilala kwa jamaa yao karibu na Mkunazini, lilipo kanisa kuu ambalo msingi wake uliwekwa mwaka 1873 mahali palipokuwa na soko la watumwa. Na asubuhi wakahudhuria sala humo kabla ya kushika safari.

Kisha Babu akafungua kitambaa chake, akahesabu fedha. Zikapatikana nauli nne za daladala kwa kila mtu, na akiba ya chakula. Akawaambia wajukuu wapange wenyewe.

Hapo ikawa hesabu. Daladala namba 502 hufuata barabara iendayo Bububu, karibu na pwani ambako reli ilipita. Mtu akienda Bububu moja kwa moja na kurudi, hutumia nauli mbili. Lakini hakuna tikiti ya siku nzima. Kila akishuka njiani na kupanda tena, hulipa nyingine. Mahali pa kushuka palikuwa patano: Maruhubi, Mtoni, Beit el Ras, Bububu, na Kidichi, ambayo iko ndani mashambani, mbali na barabara. Mvulana alitaka Maruhubi, kwa kuwa aliambiwa kuna magofu yaliyoungua. Msichana alitaka Mtoni na Kidichi. Babu alitaka Beit el Ras, lakini hakusema kwa nini.

Msichana akachukua kipande cha karatasi, akaandika, akafuta, akaandika tena. Mwisho akasema, "Kutoka Maruhubi hata Mtoni si mbali. Tukitembea kwa miguu, nauli moja itaokoka. Basi tutashuka Maruhubi kwa nauli ya kwanza. Ya pili itatutoa Mtoni hata Beit el Ras. Ya tatu itatufikisha Bububu. Ya nne ni ya kurudi. Kidichi tutaiacha, maana kuna mwendo mrefu wa miguu kutoka Bububu, na magoti ya Babu hayawezi."

Kidichi ndipo Sayyid Said alipojenga hamamu mwaka 1850 kwa ajili ya mkewe wa Kiajemi, na kuta zake zimepambwa kwa maua na ndege waliochorwa katika chokaa. Msichana alikuwa ametamani sana kuwaona ndege hao. Hakulitaja tena jambo hilo siku ile.

Maruhubi waliona nguzo kubwa nene zimesimama wima, hazibebi kitu. Jumba hilo lilijengwa na Sayyid Barghash kwa ajili ya masuria wake, likateketea kwa moto mwaka 1899. Garimoshi lilipoanza kupita, basi, wageni wa merikebu waliona magofu haya haya. Hawakuliona jumba lenyewe. Mvulana alihesabu nguzo mara mbili, akapata idadi mbili, akaanza mara ya tatu. Babu hakumharakisha. Hapakuwa na kondakta wa kuwaita.

Kisha wakatembea. Kwa hatua za mzee mwendo ulikuwa mrefu kidogo, na jua lilikuwa limepanda. Walipumzika mara mbili chini ya miembe. Hapo ndipo mvulana alipogundua kwamba pwani ile ina harufu mbili, moja ya chumvi na moja ya majani yanayooza, na kwamba zinabadilishana kwa kadiri ya upepo. Katika daladala alikuwa amesikia harufu ya petroli tu.

Mtoni palikuwa na jumba la kale la Sayyid Said, nalo lilipata jina lake kwa mto mdogo uingiao baharini hapo. Katika jumba hilo alizaliwa Sayyida Salme mwaka 1844. Baadaye aliolewa na Mdachi, akakaa Ulaya, akaandika kitabu cha maisha yake kilichotolewa mwaka 1886. Msichana alikuwa amekisoma. Akasimama kati ya kuta zilizobomoka, akawaeleza ua ulivyokuwa, kama alioandika Salme mwenyewe: tausi, paa, mabata, heroe na mbuni wakitembea pamoja, na watoto wa nyumba wakikimbia kati yao. "Walikuwa wengi sana katika jumba hili," akasema, "hata nafasi haikutosha."

Babu akasema, "Na kwa sababu haikutosha, ndiyo maana nataka Beit el Ras."

Wakapanda kwa nauli ya pili. Beit el Ras leo ni mahali pa chuo kiitwacho Nkrumah, wanapofunzwa walimu. Waliomba ruhusa mlangoni kwa adabu, wakaruhusiwa. Ndani ya viwanja wakaona sebule moja kubwa ya mawe, yenye matao mapana, imesimama peke yake kama mlango usio na nyumba. Sayyid Said alianza kujenga jumba hapo mwaka 1847, ili lipunguze msongamano wa Mtoni. Alikufa mwaka 1856, kazi haijakwisha, na hakuna aliyeimaliza. Likaachwa, likaanza kuanguka.

"Na mawe mengine yako wapi, Babu?" akauliza mvulana.

"Yalichukuliwa yakajengewa reli, mwaka 1904."

Mzee akakaribia tao, akaweka kiganja chake juu ya jiwe, kama alivyozoea kuweka juu ya chuma ili asikie garimoshi linakuja. Akakaa hivyo kitambo. Alikuwa ameitumikia njia ya chuma muda mrefu wa maisha yake, na alijua kwamba tuta halisimami bila mawe. Walakini hakuwa amewahi kuona mahali yalipotolewa. Nyumba ya mfalme iliwekwa chini ya miguu ya watu waendao sokoni. Mvulana alidhani babu yake anahuzunika, lakini alipomtazama akaona anatabasamu.

Bububu ni kijiji chenye maji mema. Chemchemi zake huunywesha mji tangu zamani. Karibu na njia panda walimkuta mzee mmoja ameketi chini ya mwembe akiuza machungwa. Babu akamwamkia, "Salaam alaikum," naye akaitika, "Alaikum salaam, karibuni." Watoto wakamwamkia, "Shikamoo, Babu," akajibu, "Marahaba, wajukuu zangu." Aliposikia kwamba mgeni wake ni mtu wa reli kutoka Kilosa, akamsogezea kigoda na kukataa kupokea fedha za machungwa.

Yeye mwenyewe hakuliona garimoshi, kwa kuwa alizaliwa baadaye. Lakini baba yake alilipanda akiwa kijana, akamsimulia mengi. Mjini lilipita katika kichochoro chembamba cha Malindi, karibu sana na nyumba, hata watu wa miguu walijibanza milangoni lilipokuja. Wenye nyumba walilalamika mno, maana injini iliwashwa moto chini ya madirisha yao, na moshi ukaingia vyumbani. Reli ilikuwa hata na askari wake yenyewe. Serikali ya Unguja iliinunua mwaka 1911.

"Kisha ilikufa kwa nini?" akauliza Babu, ingawa alijua. Alitaka kusikia litakavyosemwa hapo mahali penyewe.

"Iliuawa na barabara, ndugu yangu. Barabara nzuri zilijengwa, motokaa zikaja. Garimoshi lilikuwa likimngoja mtu kituoni. Motokaa ilimfuata mlangoni. Nani atatembea mpaka kituoni akiwa na gunia kichwani?"

Ndivyo ilivyokuwa. Kuchukua abiria kulikoma mwaka 1922. Kwa muda reli ilibeba mawe tu, na kufikia 1930 hivi ilikuwa imekwisha kuondolewa. Jambo hili linafaa kufikiriwa sana. Reli hiyo ilipendwa na watu kwa kuwa waliweza kupanda na kushuka karibu na kwao. Na kitu kilichoishinda kilikuwa kitu kilichoweza kufanya hivyo zaidi yake.

Babu akamsimulia mwenyeji wake habari za Kilosa: jinsi mto Mkondoa ulivyofurika mwishoni mwa mwaka 2009 na mwanzoni mwa 2010, ukavunja kingo, ukaingia majumbani, ukaichukua njia ya reli kati ya Kilosa na Gulwe, hata magari yakakaa miezi bila kupita. "Yenu iliuawa na barabara," akasema. "Yetu iliuawa na maji, lakini ikafufuliwa, kwa kuwa mizigo ya bara haikupata mlango mwingine kama huo."

Mwenyeji akatikisa kichwa, kisha akasema kwa furaha, "Walakini yetu imeacha jina! Injini ilikuwa ikipanda hapa ikisema bu-bu-bu, bu-bu-bu. Ndiyo sababu kijiji kikaitwa Bububu."

Msichana alifungua kinywa, akakifunga tena. Akachukua chungwa jingine alilopewa, akashukuru. Walipokuwa ndani ya daladala ya kurudi, nauli ya nne imekwisha kulipwa, akamwinamia babu yake na kunong'ona, "Babu, Sayyida Salme ameitaja Bububu katika kitabu chake cha mwaka 1886. Reli ilikuja 1905. Jina lilitangulia."

"Nilikuona ulivyofunga kinywa," akasema Babu. "Pengine ni sauti ya chemchemi, siyo ya injini. Lakini chungwa lake ulikuwa umekwisha kulila."

Walipoukaribia mji Babu hakungoja mwisho wa safari. Akagonga ubavu wa gari, kondakta akaita, "Shusha!" wakashuka watatu wote, ili wapite Malindi kwa miguu hata Ngome Kongwe. Ngome hiyo, iliyojengwa na Waarabu wa Oman miaka zaidi ya mia tatu iliyopita, ndiyo iliyokuwa banda la magari ya reli. Leo watu huingia humo kusikiliza ngoma na muziki. Katika kichochoro Babu alinyoosha mikono yote miwili, akapima kutoka ukuta hata ukuta, akasimama katikati akapiga hatua moja ndefu. Wapita njia walimtazama. Mwenye baiskeli akapiga kengele, na mzee akajibanza mlangoni, akacheka sana peke yake.

Hakuna kipande cha chuma alichokiona siku ile. Usiku, kabla ya kulala, alimwambia msichana kwamba mwaka ujao, akijaliwa, ataweka nauli tano, na hiyo ya tano ni ya gari la kuwafikisha Kidichi.

Siku ya tatu walirudi bara. Treni ilipofika Morogoro mvulana aliwaaga wenzake, akashuka, akaenda kituo cha mabasi kupanda basi la kwenda kwao Mikumi. Babu na msichana wakaendelea mpaka Kilosa. Jua lilikuwa likishuka basi lilipoingia hifadhini. Mvulana alikuwa amejichagulia kiti cha dirishani upande wa kushoto, na daftari amelifungua juu ya magoti. Dereva alipunguza mwendo penye tuta la barabarani, na hapo, karibu kabisa, alisimama twiga akila majani ya mgunga, na nyuma yake wengine wawili. Mvulana akashika kalamu. Aliandika saa, akaandika, "Twiga watatu, mmoja mdogo," akainua macho ili atazame yule mdogo ana alama gani shingoni. Lakini basi lilikuwa limekwisha kupita.